Kilengeo cha Bei Nafuu: Nunua Nukta Isiyohama

Mzee mmoja mwenyeji wa Kigoma, ambaye makazi yake kwa miaka mingi sasa ni viunga vya Houston, alinijia dukani na kilengeo chake cha bunduki ndani ya soksi.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hebu nitazamie hiki kitu. Risasi tano za kwanza ziliingia palepale nilipolenga. Baada ya hapo kila moja ikashika njia yake."

Mzee amekodi kipande cha shamba nje ya mji. Analima mahindi na viazi vitamu, na nguruwe mwitu, ambao Texas wamekuwa balaa kwa wakulima, wanamfukulia matuta usiku kucha. Kilengeo alikinunua mtandaoni kwa dola 35. Nikakiweka sikioni nikakitikisa. Ndani kulikuwa na kitu kinalia, kama punje ya mchele ndani ya kibuyu.

Sikumlaumu kwa kutafuta bei nafuu. Kuna vilengeo vizuri kabisa vya chini ya dola 150, na mtu anayewinda nguruwe shambani kwake hana sababu ya kulipa bei ya kifaa cha jeshi. Tatizo ni kwamba matangazo yalimfundisha kutazama vitu visivyo na maana: rangi mbili za nukta, kioo kipana, umbo la kutisha kama la sinema. Kilengeo cha nukta nyekundu, au redi doti kama tunavyokiita wengi wetu huku, kina kazi moja iliyo kubwa kuliko zote: nukta ibaki pale ulipoiweka, risasi ya kwanza hadi ya elfu.

Kabla ya bei, tuondoe kosa ninalolisikia karibu kila wiki. Nukta ile haitoki nje. Huo si mwale wa leza unaomwangukia mnyama kifuani. Mnyama haioni, na mtu aliyesimama pembeni yako haioni pia. Ndani ya kilengeo kuna taa ndogo ya LED inayomulika lenzi iliyopinda kidogo. Lenzi hiyo imepakwa utando unaorudisha mwanga mwekundu kwenye jicho lako na kuuachia mwanga wa rangi nyingine upite. Kwa sababu ya ule mpindo, mwanga unarudi ukiwa sambamba, na jicho linaiona nukta kana kwamba iko mbali, kule kule kwenye shabaha. Ndiyo maana unalenga macho yote mawili yakiwa wazi, na huhitaji kupanga shabaha, ncha ya mbele na tundu la nyuma katika mstari mmoja.

Wazo lenyewe ni la zamani. Howard Grubb, fundi wa darubini wa Dublin, alilipatia hataza mwaka 1900, lakini wakati huo hapakuwa na taa ndogo ya kulifanyia kazi kwenye bunduki ya mkononi. Kampuni ya Aimpoint ya Sweden ndiyo iliyotoa kilengeo cha kwanza cha umeme cha aina hii mwaka 1975. Tangu hapo LED zimekuwa rahisi, betri zinadumu, na viwanda vya China vimejifunza kazi. Leo Holosun HS403B au Sig Sauer Romeo5, vyote vilivyotengenezwa China, vinatoa nukta safi kwa sehemu ndogo ya bei ya Aimpoint.

Basi dola 35 za Mzee zilinunua nini? Vingi vya bei hiyo vimetengenezwa kwa bunduki za kuchezea, zile zinazorusha vidonge vya plastiki. Bunduki hizo hazina msukumo wa nyuma. Ukikifunga kilengeo chake kwenye bunduki ya kweli, kila mlio ni kipigo cha nyundo: waya mwembamba unaachia, taa inasogea unene wa unywele mmoja ndani ya kasha, na unywele huo mmoja karibu na jicho ni kiganja kizima kwenye mita 100. Watengenezaji wengine huchonga hata jina la kampuni kubwa ubavuni. Ukiona jina la Aimpoint kwa dola 40, umeona kitu cha bandia.

Ukubwa wa nukta hupimwa kwa dakika ya pembe, ambayo ni digrii moja iliyogawanywa mara 60. Kwenye mita 100 dakika moja ni sentimita 2.9. Nukta ya dakika 2 itafunika kama sentimita 6 za mnyama, na hiyo yatosha kabisa. Nukta ya dakika 6 inaonekana haraka zaidi lakini umbali huo itafunika sentimita 17, sehemu yote unayotaka kuipiga. Kwa bunduki ya shambani, chukua 2 au 3 usihangaike zaidi. Rangi ya kijani ni pendeleo la jicho la mtu, basi.

Betri ndiyo sehemu ambayo vilengeo nafuu vimepiga hatua kubwa kuliko watu wanavyojua. Vingi vinatumia CR2032, ile betri bapa kama sarafu inayouzwa hata duka la dawa. Holosun wanaandika saa 50,000, Sig saa 40,000. Saa 50,000 ni zaidi ya miaka mitano na nusu. Lakini hesabu hiyo hufanywa mwanga ukiwa wa wastani. Ukiiacha nukta kwenye mwanga wa mwisho, ule wa jua la saa sita mchana, betri itakwisha mapema mno. Tafuta kinachojizima chenyewe kikitulia na kuwaka kinapoguswa. Nguruwe hawasubiri utafute kitufe gizani. Mimi nabadilisha betri kila mwaka mpya, imekwisha haijaisha.

Sasa jaribio ambalo unaweza kulifanya hapo dukani, na muuzaji mwaminifu hatakukatalia. Weka kilengeo juu ya kitu kizito kisichotikisika, uelekeze nukta kwenye alama iliyo mbali, mita 50 au zaidi. Mlango wazi na nguzo ya taa ng'ambo ya barabara vinatosha. Usikiguse tena. Sogeza kichwa chako polepole kushoto, kulia, juu, chini, ukitazama nukta. Kwenye kilengeo kizuri, nukta itatembea ndani ya kioo pamoja na jicho lako, lakini itaendelea kukaa juu ya ile nguzo. Kwenye kibovu itaiacha nguzo na kuelea hewani. Hiyo ndiyo paralaksi. Hakuna kilengeo kisicho nayo kabisa, hasa nukta inapofika ukingoni mwa kioo, hata kama kasha linadai vingine; unachotafuta ni iwe ndogo. Cha Mzee kiliihama nguzo kwa upana wa gari.

Tazama pia rangi ya kioo. Utando ule unaorudisha wekundu huacha kioo na ubuluu kidogo, jambo la kawaida. Kikiwa cha buluu kama chupa ya dawa, magharibi kiza kikianza kuingia hutamwona mnyama, na huo ndio wakati nguruwe wanatoka.

Kama nukta unaiona imepasuka kama nyota au ina mkia, usikimbilie kurudisha bidhaa. Ipige picha kwa simu kupitia kioo. Kama kwenye picha ni duara safi, tatizo ni jicho lako, nalo huitwa astigimatizimu. Watu wengi wanalo bila kujua. Punguza mwanga wa nukta kwanza, kisha jaribu ukiwa na miwani yako. Ikishindikana, kuna vilengeo vya prizimu ambavyo alama yake imechongwa kwenye kioo, na jicho la namna hiyo huiona imenyooka.

Kufunga ni nusu ya kazi, na hapa ndipo watu wanaharibu kifaa kizuri. Reli nyingi za bunduki za kisasa, yaani pale juu kilengeo kinapofungwa, hufuata kipimo cha jeshi la Marekani cha mwaka 1995, kinachoitwa Picatinny, hivyo kukaa kitakaa tu. Safisha mafuta kwenye reli na skrubu. Kisukume kilengeo mbele hadi kijino chake kigote kwenye mfuo wa reli, ndipo ukaze. Tumia bisibisi ya kupimia nguvu na ufuate kipimo kilichoandikwa kwenye kijitabu. Mkono wenye hasira hukata skrubu. Mwisho, chora mstari mwembamba wa rangi kutoka kwenye skrubu hadi kwenye kasha. Mstari ukikatika, umejua skrubu imezunguka.

Halafu nenda kiwanjani ukaiziro bunduki, kama wasemavyo askari, yaani uilinganishe nukta na mahali risasi zinapoingia. Keti, weka bunduki juu ya mfuko wa mchanga, shabaha mita 50. Piga tatu, usirekebishe kitu baada ya risasi moja. Vilengeo vingi vya daraja hili husogeza nusu dakika kwa kila mlio wa skrubu ya kurekebishia, yaani kama milimita 7 kwenye umbali huo. Kundi lako likiwa sentimita 7 kushoto, zungusha milio 10 kulia. Ukishafika katikati, fanya jaribio ambalo wengi hawalifanyi: zungusha milio 20 juu, piga, 20 kulia, piga, 20 chini, piga, 20 kushoto, piga. Risasi ya mwisho lazima irudi ulikoanzia. Isiporudi, usijibembeleze. Kirudishe.

Bei kubwa nayo si kinga. Mwaka 2015 kampuni ya L-3, iliyomiliki EOTech, ilikubali kuilipa serikali ya Marekani dola milioni 25.6 kumaliza madai kwamba vilengeo vya holografu ilivyowauzia askari vilikuwa vikihama shabaha kwenye baridi kali na unyevunyevu, na kwamba ilijua. Vilikuwa vya mamia ya dola kila kimoja. Jaribu chako, chochote kile.

Mzee tulimfungia cha dola 120. Risasi yake ya mwisho kwenye lile jaribio la milio 20 iligusa tundu la kwanza, akanyamaza kidogo, akasema, "Kumbe ni hivi." Nguruwe hawajaisha, lakini viazi vya safari hii kavuna.

Desemba alipokuwa anajiandaa kwenda Kigoma likizo, alitaka kumchukulia mdogo wake kimoja kama hicho, akiweke katikati ya nguo kwenye sanduku. Nilimzuia, na nakuzuia nawe unayesoma hapa Marekani. Kununua redi doti dukani ni rahisi kama kununua tochi, lakini sheria ya Marekani ya kusafirisha bidhaa nje inaitaja waziwazi miongoni mwa vifaa vinavyodhibitiwa. Kuipeleka Tanzania au Kenya kunataka leseni ya Wizara ya Biashara, iwe ya dola 35 au 500, na kuificha ndani ya sanduku ni kosa la jinai. Mpelekee mdogo wako viatu.