Dungusi Kakati Lililosokotana na Masika ya Kilosa

Mwanafunzi wa Kilosa hana haja ya kwenda mbali ili auone msokoto wa asili. Akisimama karibu na mkonge na kufuata kwa kidole matako ya majani yake, ataona kwamba hayakupangwa ovyo, bali yanalizunguka shina kwa kupanda, mithili ya ngazi ya mnara. Mkonge wenyewe ni mgeni. Dkt. Richard Hindorf aliuagiza kutoka Florida mwaka 1893, na ni miche 62 tu iliyofika Tanga ikiwa hai. Hata hivyo asili yake ni Meksiko, na bara hilo la Amerika ndilo chimbuko la mgeni mwingine asiyejulikana sana, naye ameutia msokoto si katika majani, maana hana majani, bali katika shina zima.

Mmea huo ni dungusi kakati la mnara, ambalo wakuzaji huliita Cereus forbesii 'Spiralis'. Aina yake ya kawaida huota porini Argentina na Bolivia, na mbavu zake hupanda wima kama mifereji ya bati. Katika mmea uliosokotana mbavu hizo hupinda kuzunguka shina, kama nyuzi za skrubu. Msokoto huo si spishi mpya. Ni hitilafu ya ukuaji. Jambo linalofanana nalo limechunguzwa katika mmea mdogo wa Arabidopsis: mwaka 2002 watafiti wa Japani walionyesha kwamba badiliko dogo katika protini inayojenga mirija midogo ya ndani ya seli hutosha kuifanya mizizi na mashina yakue kwa kujizungusha upande mmoja.

Kutokana na hali hiyo, mbegu si za kutegemewa. Miche mingine huweza kusokotana, mingine hunyooka kama babu zao. Anayetaka msokoto ule ule hana budi kukata kipande cha shina na kukipanda. Ni sawa na mkulima wa muhogo apandaye pingili, wala hapandi mbegu.

Kukata ni kazi ya kiangazi, kati ya Juni na Septemba. Kisu kikali kioshwe kwa spiriti, na kipande cha urefu wa shubiri moja au zaidi kikatwe mara moja bila kukwaruza. Hapo ndipo wengi hukosea kwa wema wao: hukipanda siku hiyo hiyo na kukimwagia maji. Kidonda kibichi kikigusana na udongo mnyevu huoza. Yafaa kipande kilazwe kivulini, penye hewa, kwa wiki mbili hivi, mpaka kidonda kifanye gamba gumu. Ndipo kisimikwe katika chungu cha udongo wa kufinyanga chenye tundu chini, kilichojazwa mchanga mkubwa wa mtoni, changarawe, na mboji kidogo tu. Maji yangoje mpaka mizizi ianze kushika.

Udongo mweusi wa mbuga, kama ule wa uwanda wa Mkata uliomo katika Hifadhi ya Mikumi, haufai kabisa. Wakati wa mvua hushikilia maji, na wakati wa jua hupasuka. Adui mkubwa wa dungusi kakati huku si ukame. Shina lake ni ghala la maji. Mbavu hufunguka na kujifunga kama viriba vya mhunzi kadiri maji yanavyoongezeka au kupungua, na vitundu vya ngozi yake hufunguka usiku, wakati hewa imepoa, ili maji yasipotee bure. Adui ni masika. Kuanzia Machi hadi Mei chungu kikae chini ya paa, upande upatao jua la asubuhi, na kisimwagiwe maji mpaka udongo ukauke hadi chini. Weupe kama pamba kati ya mbavu ni dalili ya vidung'ata. Wafutwe kwa brashi iliyochovywa katika spiriti.

Yafaa pia mwalimu awaonye wanafunzi wasimfananishe mgeni huyu na mimea ya jamii ya mnyaa, mingine yenye umbo la kinara, inayoota katika nchi kavu za Tanzania. Mnyaa ukikwaruzwa hutoa utomvu mweupe kama maziwa, unaounguza ngozi na unaoweza kuharibu macho. Ukiingia jichoni, jicho lioshwe mara moja kwa maji mengi safi, na mgonjwa apelekwe hospitali. Dungusi kakati hili halina maziwa hayo, na miiba yake huchipuka katika vituta vidogo vyenye manyoya. Kwa kweli dungusi kakati moja tu ndilo linaloota Afrika kwa asili, nalo ni Rhipsalis baccifera, mmea mwembamba uning'iniao katika miti ya misitu. Halifanani na mnara hata kidogo.

Ndani ya hifadhi, iliyoanzishwa mwaka 1964, hairuhusiwi kuchimba mmea wowote. Nje ya mipaka ya nchi, madungusi kakati na minyaa minene husimamiwa na mkataba wa CITES, ulioanza kutumika Tanzania mwaka 1980, kwa hiyo kipande kitokacho ng'ambo huhitaji kibali. Kwa wakazi wa Mikumi kuna tahadhari ya ziada: mabaki ya kukata yasitupwe nje ya ua. Huko Laikipia, Kenya, dungusi kakati la jamii ya Opuntia, lililoletwa kwa ajili ya bustani na ua, limeenea malishoni, na miiba yake huwajeruhi vinywani mbuzi na ng'ombe wanaolila.

Kipande kilichoshika mizizi chafaa kwa somo la hisabati pia. Mwanafunzi afunge uzi kwenye ubavu mmoja, aufuate ubavu huo mpaka ulizunguke shina mara moja, kisha apime urefu wima aliopanda. Akirudia kipimo hicho kila mwaka, sehemu mpya ya juu itaonyesha kama msokoto unakazana au unalegea.