Shauri Lililofutwa Wakati wa Kuchuma



Msimu uliopita mwenzetu mmoja, mtu mzima, alinijia afisini na karatasi ya mahakama mkononi. Alikuwa amemshitaki jirani yake kwa mikarafuu 14 iliyo mpakani. Hati alikuwa nayo, na wazee wawili wa kushuhudia. Lakini siku aliyoitwa, karafuu zake zilikuwa majamvini na mawingu yametanda, naye akaona heri azianue kuliko kwenda mjini kupewa tarehe nyingine, kama alivyokwisha kupewa mara tatu. Jirani yake alikwenda. Shauri likafutwa.

“Basi nitafungua jingine,” akaniambia.

Hapo ndipo wengi wetu tunapokosea. Kanuni za madai za India za mwaka 1908, ambazo za Zanzibar zilifuata mfano wake, zinapambanua mambo mawili katika Amri ya 9. Wasipohudhuria wote, mdai na mdaiwa, shauri huweza kufutwa, na mdai ana ruhusa kufungua jipya maadamu muda wa sheria haujapita. Lakini akihudhuria mdaiwa peke yake, naye hakubali dai, shauri hufutwa na mdai hafungui tena kwa dai lile lile. Njia iliyobaki ni kuiomba mahakama ile ile ilirudishe shauri, aonyeshe sababu ya kutosha iliyomzuia asije. Hata ada ya kumpelekea mdaiwa barua ya mwito, usipoilipa, yaweza kulifuta shauri kabla hakimu hajasikia neno.

Je, karafuu kunyeshewa ni sababu ya kutosha? Hiyo ni kazi ya hakimu kupima. Mimi naiona dhaifu, kwa kuwa mvua haikumzuia kutuma barua mapema. Wala simlaumu sana. Nauli ya safari tatu za bure si kitu kidogo kwa mwenye shamba dogo. Ugonjwa wenye cheti cha daktari una nguvu zaidi, na kufiwa pia.

Mashauri ya ardhi yaliundiwa mahakama yake kwa Sheria Nam. 7 ya mwaka 1994, na ya mirathi huenda kwa Kadhi. Popote lilipo shauri lako, muulize karani tarehe ijayo kabla hujatoka, uiandike. Mwenye wakili naye asilale: wakili asipotokea, shamba linalopotea si lake.

Ombi la mwenzetu tumeliandika pamoja, na hati ya kiapo juu yake, na limekwisha pelekwa. Mwanachama ambaye tarehe yake inaangukia msimu ujao na alete karatasi yake afisini kabla ya kuchuma kuanza, tumwandikie barua ya kuomba siku nyingine. Nipo kila asubuhi, isipokuwa Ijumaa.

Katibu