Mbung'o: Mjue Kabla Hajakumalizia Mifugo na Mbwa

Vijana mnaofuga kando ya mapori ya akiba mnaniuliza sana kuhusu ng'ombe kukonda. Mimi huuliza kwanza: mbwa wako anaendeleaje? Mbwa akianza kukonda na macho yake kuweka ukungu mweupe, hapo namfikiria mbung'o.

Utamtambuaje?
Ni mkubwa kuliko nzi wa nyumbani, rangi ya kahawia. Akitua, mbawa hulala moja juu ya nyingine kama mkasi uliofungwa. Mdomo umeelekea mbele. Anauma mchana, hata juu ya nguo, na anafuata chochote kinachotembea: ng'ombe, pikipiki, gari.

Hasara yake
Anaeneza nagana kwa mifugo na malale kwa binadamu. Ng'ombe hupungukiwa damu, maziwa hushuka, mimba hutoka. Mbwa anaweza kufa ndani ya wiki chache. Kwa mtu, huweza kutokea kidonda palipoumwa, kisha homa na kichwa kuuma. Malale yasipotibiwa huua. Kwa hiyo ukiwa na homa na kipimo cha malaria hakionyeshi kitu, mwambie daktari kwamba uliumwa na mbung'o.

Fanya hivi
1. Vaa nguo nzito za mikono mirefu, rangi ya kaki. Bluu na nyeusi zinamvuta.
2. Vile vitambaa vya bluu na nyeusi vilivyotundikwa porini ni mitego yenye dawa. Usivichukue kufunikia mizigo!
3. Nyunyizia ng'ombe dawa ya jamii ya pairethroidi, hasa miguuni na tumboni, maana ndiko anakopenda kunyonya. Fuata vipimo vya kwenye lebo.
4. Mbwa asizurure vichakani mchana.
5. Usichome sindano kwa kubahatisha. Muite mtaalamu wa mifugo apime damu kwanza, la sivyo unatupa pesa na vimelea vinazoea dawa.

Msikate tamaa. Jike la mbung'o huzaa buu mmoja tu kwa wakati, hivyo kila unayemuua ni pengo kubwa. Unguja ilimmaliza kabisa kufikia 1997, kwa kutumia dawa kwenye mifugo, mitego na kuachia madume yaliyofanywa tasa. Sisi huku bara tuna mapori makubwa, ndiyo, lakini majirani wakinyunyizia mifugo yao kwa pamoja, mtaona tofauti. Panga siku na wenzako wiki hii.