Mlango unaokwaruza sakafu: kagua bawaba kabla ya kupiga randa

Na Mwandishi Wetu, Kyela

MLANGO wa nyumba unapoanza kukwaruza sakafu katika mji mdogo wa mpakani wa Kasumulu, lawama huelekezwa kwanza kwa mvua, na fundi seremala huitwa aupige randa.

Lawama hiyo ina msingi. Wilaya ya Kyela hupata mvua ya zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka, nyingi ikinyesha kati ya Machi na Mei, na mbao hufyonza unyevu huo zikavimba.

Hata hivyo, ubao huvimba kwa upana, na kwa urefu huongezeka kidogo mno. Ndiyo maana mlango uliolowa unyevu hubana kwanza pembeni, kwenye mwimo wa upande wa kitasa. Ule unaokwaruza chini, hasa kwenye pembe iliyo mbali na bawaba, mara nyingi haukuvimba bali umeshuka.

Kuubaini ni rahisi. Ufungue nusu, shika kitasa, kisha uinue taratibu huku ukitazama bawaba ya juu. Ikicheza, skrubu zake zimelegea. Jaribu kuzikaza kwa bisibisi. Zikizunguka bila kushika, matundu yamepanuka.

Hapo zitoe skrubu, jaza matundu kwa vijiti vya mbao ngumu vilivyopakwa gundi ya mbao, acha vikauke, kata vilivyozidi, ndipo uzirudishe. Skrubu fupi za robo tatu ya inchi ni vyema zibadilishwe kwa za inchi moja na nusu, ikiwa unene wa fremu unaruhusu. Wakati wa kazi hiyo mlango uegemezwe kwenye kabari, usibaki umening'inia kwenye bawaba ya chini peke yake.

Mlango mzito wa mninga unastahili bawaba tatu. Kuufunga kwa mbili ili kuokoa fedha kidogo ni kubana matumizi mahali pasipostahili.

Ikiwa skrubu zote zimekaza na pembe bado inagusa, kipande cha karatasi ngumu ya boksi kikiwekwa nyuma ya bawaba ya chini husukuma sehemu ya chini ya mlango kuelekea upande wa kitasa, na pembe iliyoshuka huinuka.

Randa ina nafasi yake. Nyumba iliyowekwa vigae juu ya sakafu ya zamani huwa imepandisha sakafu, na mlango hauna budi kupunguzwa. Mlango uliovimba, kwa upande wake, usubiriwe hadi kiangazi. Ukirandwa ukiwa umelowa, utakapokauka utaacha mwanya wa kupitisha mbu. Vyovyote iwavyo, ukingo wa chini upakwe rangi au vanishi, kwani ndio unaosahauliwa na ndio unaokutana na maji ya kudeki.

Lipo pia jambo zito zaidi. Desemba 2009 mfululizo wa matetemeko ya ardhi uliikumba Karonga, ng'ambo ya Mto Songwe nchini Malawi, na lile la Desemba 20 lilifikia ukubwa wa 6.0. Kyela imo katika Bonde la Ufa lilelile. Tetemeko, au msingi uliodidimia baada ya mafuriko, huweza kupinda fremu, na mlango ukagoma wakati watu wanapohitaji kutoka haraka.

Pima fremu kwa futi ya kamba kutoka pembe ya juu kushoto hadi ya chini kulia, kisha pembe nyingine mbili. Vipimo vikitofautiana, na ukutani pakiwa na ufa wa mshazari unaoanzia kwenye kona ya mlango, randa itaficha tu dalili. Anayehitajika ni fundi mwashi wa kukagua ukuta na msingi, na seremala aitwe baadaye.