Banda la video: Picha mbovu huua kicheko na mapato

Na Mwandishi Wetu, Lalago

FEDHA za pamba zinapoanza kuzunguka Lalago, wilayani Maswa, mwenye banda la video hukabiliwa na swali moja: anunue runinga kubwa zaidi, au atafute picha bora zaidi? Wengi hukimbilia ukubwa. Wiki hii tunawashauri wapige hesabu kwanza.

Filamu ya mapigano huvumilia picha mbovu. Ngumi huonekana hata penye chenga. Vichekesho ni bidhaa nyingine. Marehemu King Majuto, aliyefariki mwaka 2018, aliweza kuvunja watu mbavu kabla hajafungua kinywa. Ndivyo alivyokuwa Mzee Ojwang' wa Vitimbi, aliyefariki mwaka 2015. Mtaji wao ulikuwa uso.

Tatizo ni kwamba michezo ya aina hii huchezwa sebuleni, watu watatu au wanne wakionyeshwa kwa pamoja. Kila uso hupata sehemu ndogo tu ya kioo. Picha ikififia, mteja husikia maneno lakini haoni jicho lililokonyezwa. Jirani akicheka, yeye huuliza kulikoni.

Takwimu zinaeleza sababu. VCD ina nukta 352 kwa 288, yaani takriban 101,000. DVD ina 720 kwa 576, takriban 415,000, au mara nne ya VCD. Picha ya HD ya 1920 kwa 1080 ina zaidi ya milioni 2, mara ishirini ya VCD. Runinga kubwa haiongezi nukta zilizomo kwenye nakala. Huzitanua tu, na kasoro zikakua nazo.

Enzi za deki, mkanda wa VHS ulipungua ubora kila uliponakiliwa. Flashi haina ugonjwa huo. Hata hivyo, faili lililobanwa ili litoshe kwenye simu huja na mabaka yake, na hakuna runinga itakayoyafuta.

Tuchukue mfano. Banda la watu 60 kwa kiingilio cha sh. 500 huingiza sh. 30,000 kwa onyesho. Watu 20 wakikata tamaa, sh. 10,000 zimepotea. Kwa maonyesho 30 ni sh. 300,000, wakati mafuta ya jenereta na pango havikupungua hata senti.

Kwa hiyo mwenye mtaji mdogo aanze na nakala nzuri, kisha spika inayotoa maneno yakasikika, na mwisho ukubwa wa kioo. Nakala hiyo iwe halali: chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, kuonyesha hadharani kazi ya mtu kunahitaji ridhaa ya mwenye haki.

Wahenga walisema rahisi ghali. Mteja asiyecheka leo, kesho atakunywa kahawa kwingine na sh. 500 yake mfukoni.