Sura ya Mfalme Haiuzwi Dukani

Kwa karne nyingi raia wa kawaida wa Japani hakuwahi kumtia mfalme wake machoni. Ndiyo maana picha mbili zilizopigwa na Uchida Kuichi zina uzito mkubwa. Ya mwaka 1872 inamwonyesha Mfalme Meiji, kijana wa miaka ishirini hivi, katika mavazi ya jadi ya kasri. Katika ile ya 1873 nywele zimekatwa, mfalme kaketi kitini, kavaa sare ya jeshi ya Kizungu, ameshika upanga, na kofia yake iko mezani kando yake. Mataifa ya Magharibi yalikuwa yameibana Japani kwa mikataba dhalimu. Sare ile iliyajibu: hii ni dola ya kisasa, yenye jeshi.

Huko Ulaya, Malkia Victoria na Napoleon III waliacha picha zao ndogo za kadi ziuzwe kwa yeyote mwenye fedha. Japani ilikataa. Picha za Meiji zilipoanza kuuzwa, serikali ilipiga marufuku biashara hiyo mwaka 1874. Naona hapo ndipo penye siri ya jambo zima: nguvu ya picha ilitokana na serikali kuamua nani aione, wapi na kwa adabu gani.

Meiji mwenyewe hakupenda kamera. Mwaka 1888 Edoardo Chiossone, Mwitaliano aliyechonga noti za serikali, alijificha akamchora mfalme akiwa mezani anakula. Mchoro ukakamilishwa kwa uangalifu, kisha ukapigwa picha. Basi picha rasmi ya mfalme, yenye uso mkakamavu na kifua kipana kilichojaa nishani, ilikuwa picha ya mchoro. Watu waliipokea kama mfalme mwenyewe.

Nakala zilipelekwa shuleni. Siku za sherehe pazia lililoifunika picha lilifunguliwa, walimu na wanafunzi wakainama mbele yake. Siku nyingine ilifungiwa. Kuilinda likawa jukumu la mwalimu mkuu, na jukumu hilo liliua. Mwaka 1898, huko Ueda mkoani Nagano, mwalimu mkuu alijiua baada ya picha kuteketea shule ilipoungua. Hatimaye Japani iliposhindwa vitani mwaka 1945, serikali iliamuru picha za mfalme zirejeshwe kutoka shule zote.