Dakika Tano za Ngumi: Kwa Nini Wapiganao Barafuni Hawatolewi Mchezoni

Mtu aliyezoea kukaa jukwaani Kaitaba, mjini Bukoba, anajua bila kufundishwa kwamba mchezaji wa Kagera Sugar au wa timu ngeni akimrushia mwenzake ngumi, hata iwe ngumi iliyokosa shavu, refa atatia mkono mfukoni na kutoa kadi nyekundu, timu yake imalize mchezo na watu 10, na yeye mwenyewe akose mechi zinazofuata. Walakini mtu huyo huyo, akifungua simu yake usiku na kutazama mpira wa magongo uchezwao juu ya barafu katika ligi ya NHL, yenye timu 32 za Marekani na Kanada, atawaona wanaume wawili wakitupa glavu chini kwa hiari yao, wakipigana ngumi za uso mbele ya waamuzi wasiofanya haraka ya kuwaamua, kisha wakienda kuketi katika kibanda cha adhabu dakika 5 na kurejea uwanjani kana kwamba hapakutokea jambo. Aghalabu hudhaniwa kuwa ni fujo isiyo na sheria, ilhali ni fujo iliyotungiwa sheria.

Barafu ijulikanayo zaidi mwaloni Nyamukazi na katika visiwa vya Muleba kama Bumbire na Goziba ni ile ya kufunikia sangara wasioze njiani. Basi yafaa kwanza tuubainishe mchezo wenyewe. Watu 6 kila upande, kipa akiwamo, huvaa viatu vyenye makali ya chuma chini, wakateleza kwa mwendo uwezao kupita kilomita 40 kwa saa ndani ya uwanja uliozungushiwa kuta, wakigombea kisahani cha mpira mgumu kwa magongo. Na kumgonga kwa bega mwenye kisahani hata akabamizwa ukutani ni halali. Wala mchezo huu si mgeni kabisa kwetu: Nairobi ulijengwa uwanja mdogo wa barafu katika hoteli ya Panari, walikolelewa wachezaji wa timu ya Ice Lions, ambao mwaka 2018 walipelekwa Kanada wakacheza pamoja na nyota wa NHL Sidney Crosby, na Chris Nielsen, aliyezaliwa Moshi mwaka 1980, aliichezea Columbus Blue Jackets michezo 52 ya NHL.

Asili ya ruhusa hii ni kanuni ya NHL ya mwaka 1922, ambayo badala ya kumfukuza mpiganaji ilimwekea dakika 5 za kukaa nje. Tangu hapo adhabu ikawa kama ushuru wa gulio: mwenye ndizi hulipa asubuhi, akapewa risiti, akaendelea kuuza. Tena ushuru wenyewe ni mwepesi kuliko uonekanavyo, maana wapiganaji wawili wakiadhibiwa pamoja, kila timu huingiza mtu mwingine mahali pa aliyetoka, hata idadi uwanjani ikabaki ile ile. Anayelipa ni mpiganaji, si timu, ilhali kadi nyekundu ya Kaitaba huwatoza wote waliobaki. Kiini cha jambo ni hapo, nami hushangaa kuwaona wachambuzi wakinena kwa kirefu juu ya ushujaa na heshima pasipo kuigusa hesabu hii. Waliotunga kanuni wanaijua vizuri, kwani walipotaka kupunguza ngumi waliigusa timu: mtu wa tatu ajiingizaye katika ugomvi wa wawili hufukuzwa, na mchokozi, kwa kanuni iliyokazwa mwaka 1992, huongezewa dakika 2 ambazo timu yake huzitumikia ikiwa na mtu pungufu.

Pigano lenyewe halifanani na masumbwi. Bondia huchota nguvu za ngumi katika miguu iliyoshika sakafu. Huyu wa barafuni hana pa kukanyaga, na akirusha mkono kwa nguvu viatu vyake humrudisha nyuma. Ndiyo maana mkono mmoja huikamata jezi ya mpinzani karibu na bega, kusudi wote wawili wasianguke upesi, na mwingine ndio upigao. Kuivuta jezi hata ikamfunika mtu kichwa na mikono ni nusu ya ushindi, na kwa sababu hiyo kanuni huamuru jezi ifungwe kwenye suruali. Waamuzi husubiri mpaka mmoja aanguke au wote wachoke, ndipo waingie kati. Na aliyeanguka, kumwongeza ngumi ni aibu.

Watetezi husema kwamba gongo ni silaha, na hasira isipopata njia ya ngumi itatokea gongoni. Na kwamba nyota hulindwa na mbabe wa timu, kama Wayne Gretzky alivyolindwa na Dave Semenko kule Edmonton. Hoja hiyo ina mvuto, lakini tukio la Vancouver la tarehe 8 Machi 2004 laivunja. Steve Moore wa Colorado alikuwa amemjeruhi nahodha wa Vancouver, Markus Näslund, wiki chache kabla. Siku hiyo Moore akakubali kupigana na Matt Cooke wa Vancouver katika kipindi cha kwanza, na kwa desturi ya wachezaji deni likawa limelipwa. Hata hivyo, katika kipindi cha tatu Todd Bertuzzi, naye wa Vancouver, alimfuata kwa nyuma, akampiga ngumi ya kichwa na kumwangukia; Moore akavunjika pingili 3 za shingo, asicheze tena maishani.

Na gharama ya wababe wenyewe? Derek Boogaard aliajiriwa hasa kwa ngumi zake, kwani katika michezo 277 ya NHL alifunga mabao 3 tu. Alifariki Mei 2011, akiwa na umri wa miaka 28, kwa kuzidisha dawa za maumivu pamoja na pombe, na wataalamu wa Chuo Kikuu cha Boston walipouchunguza ubongo wake waliukuta na maradhi yaletwayo na mapigo ya kichwa ya mara kwa mara.

Katika msimu wa 2008–09 mapigano ya NHL yalizidi 700. Miaka 10 baadaye yalikuwa mia mbili na ushei, kwa kuwa timu ziliona hasara kumpa nafasi mtu asiyejua ila kupiga. Ligi ya vijana ya Quebec, tangu msimu wa 2023–24, humtoa mpiganaji mchezoni palepale. NHL ingali inatoza dakika 5.